Cheti kiko ukutani, lakini ni nani aliyekikagua kituo hiki cha waraibu?

Dada wa Likoni

Assalam aleikum wanabaraza, na kwa wale ambao salamu hii si yao, hamjambo.

Naandika kuhusu kitinda mimba wetu, kijana wa miaka 27, ambaye kwa miaka sita sasa anatumia unga, yaani heroini, na katika miaka hii miwili ameongeza juu yake pombe kali za vichupa vidogo pamoja na tembe za bugizi, zile dawa kali za usingizi. Baba ametangulia mbele ya haki, mama ana shinikizo la damu, na maamuzi ya nyumba yameniangukia mimi. Mwezi uliopita tulikaa kikao cha ukoo, tukakubaliana kuchanga fedha ili apelekwe kwenye kituo cha kurekebisha waraibu, na shangazi akaleta jina la kituo kimoja kilichoko nje kidogo ya mji wa Mombasa, ambacho sitakitaja.

Nilikwenda kukiona kabla ya kulipa. Ni nyumba ya ghorofa moja yenye ukuta mrefu, na lango lake la chuma hufungwa kwa kufuli kutoka nje, hata nikajiuliza kimoyomoyo, moto ukizuka usiku watu watapitia wapi? Ofisini nilipokewa kwa heshima na kijana aliyejitambulisha kuwa mshauri. Nyuma ya kiti chake palikuwa na cheti ndani ya fremu ya rangi ya dhahabu, kimetundikwa juu sana, nami nikaona nembo na muhuri tu, maandishi sikuyapata. Mezani palikuwa na kopo la biskuti lililojaa vidonge vya rangi mbili tatu, havina pakiti wala maandishi. Nilipouliza, nikaambiwa kwamba ni vya usingizi, kwa sababu siku za mwanzo wagonjwa huwa wasumbufu.

Mambo mawili yalinikaa rohoni. La kwanza ni kwamba kwa wiki sita za mwanzo hakuna simu wala kutembelewa na ndugu. La pili ni kwamba, kwa kuwa mdogo wangu hajakubali kwenda, kituo kina gari na vijana wanne wa kumchukua usiku akiwa amelala, na kazi hiyo ina malipo yake ya pembeni. Mama amekubali, maana amechoka. Mimi nasita.

Naomba kuelimishwa na wanaojua. Vituo hivi vinasimamiwa na nani hapa Kenya, na mtu wa kawaida kama mimi atajuaje kwamba cheti kile ni cha kweli? Je, sheria inaruhusu mtu mzima kubebwa usiku kwa sababu tu familia imekubali? Na nikirudi pale, nitazame kitu gani?

---

Muuguzi Mstaafu

Wa aleikum salaam, mwanangu. Pole kwa mzigo, na umefanya vyema kwenda kuona kwanza, kwa maana wengi hulipa kwa simu na kuonana na mgonjwa wao baada ya miezi mitatu.

Nianze na usimamizi. Sheria ya mwaka 2012 iliyounda Mamlaka ya Kitaifa ya Kampeni Dhidi ya Matumizi Mabaya ya Pombe na Dawa za Kulevya, ambayo sote tunaijua kwa jina la NACADA, iliipa Mamlaka hiyo kazi ya kuvipa leseni na kuvisimamia vituo vya kurekebisha watu wenye uraibu. Lakini NACADA haiko peke yake. Kituo kikitoa matibabu, yaani kikilaza wagonjwa na kuwapa dawa, kinaingia pia chini ya Baraza la Madaktari na Madaktari wa Meno, linalosajili na kutoa leseni kwa vituo vya afya. Washauri nasaha wana sheria yao ya mwaka 2014, wauguzi wana baraza lao, na maafisa wa kliniki vilevile. Juu ya hayo, Katiba ya 2010 imezipa serikali za kaunti huduma za afya na udhibiti wa dawa za kulevya katika Jedwali la Nne. Kwa hiyo kituo kimoja kinaweza kuwa na karatasi nne au tano ukutani, kila moja ikieleza jambo tofauti, na mgeni akadhani zote ni kibali cha kutibu.

Ukirudi, omba cheti kiteremshwe ukisome kwa macho yako. Tazama jina la kituo kama ni lile lililoandikwa langoni, mahali kilipo, tarehe ya kwisha, na idara iliyokitoa. Kisha piga 1192, nambari ya NACADA isiyotozwa malipo, uwasomee yaliyoandikwa. Kituo chenye cheti halali hakitaona vibaya.

Sasa niseme lililo karibu zaidi na kazi niliyoifanya. Cheti kinakueleza jinsi nyumba ilivyokuwa siku ya ukaguzi, wakati wa mchana. Mimi humwuliza mwenye kituo habari za saa nane usiku: ni nani aliyeko zamu, amesomea nini, na mgonjwa akizidiwa anapelekwa hospitali ipi kwa gari gani? Nakuuliza hivi kwa sababu ya ule mchanganyiko uliouandika. Arosto ya unga peke yake, yaani maumivu ya mwili unapoikosa dawa, ni mateso makubwa, mtu hutapika, huharisha, mifupa humuuma na usingizi humkimbia, hufika kilele siku ya pili au ya tatu na kupungua baada ya juma moja hivi. Lakini mara chache humwua mtu mzima mwenye afya, ilimradi apate maji ya kutosha. Pombe na bugizi ni habari nyingine kabisa. Mtu aliyekunywa pombe kali kila siku kwa muda mrefu akikatishwa ghafla huanza kutetemeka saa chache baadaye. Ndani ya siku mbili anaweza kushikwa na kifafa ambacho hajawahi kuwa nacho maishani. Na kati ya siku ya pili na ya nne anaweza kuingia katika hali ya kuweweseka, akaona watu wasiokuwapo, homa ikapanda na moyo ukaenda mbio. Hali hiyo huua. Tembe za jamii ya bugizi nazo zikikatwa ghafla huleta kifafa, na kwa sababu hiyo hupunguzwa kidogo kidogo chini ya daktari.

Ndiyo maana lile kopo la biskuti limenitia hofu kuliko lango. Dawa za kutuliza zinahitajika kweli katika siku hizo, na vitamini B1 vilevile, lakini zinahitaji mtu wa kupima mapigo ya moyo na presha, wa kuandika kipimo kilichotolewa na saa, na wa kujua lini azuie kipimo kinachofuata. Dawa isiyo na pakiti, ikitolewa na mshauri kwa sababu mgonjwa ni msumbufu, imekuwa kufuli ya pili. Mdogo wako, kwa maelezo yako, anapaswa kuanzia hospitali, kisha ndipo mtafute kituo.

---

Msimamizi wa Kituo Kidogo

Naendesha kituo cha vitanda 14 katika kaunti ya Kilifi, na kwa kuwa tunasemwa sana, naomba nami nisikilizwe.

Aliyoyaeleza mama muuguzi ni kweli tupu, nami nayaheshimu. Lakini wenye kusoma hapa wajue kwamba mwenye kituo kidogo huzunguka ofisi nyingi kwa mwaka mmoja: leseni ya NACADA, leseni ya afya, kibali cha biashara cha kaunti, cheti cha afya ya jamii, ukaguzi wa zimamoto. Kila mlango una ada na mkaguzi wake, na wakaguzi hao hawazungumzi wao kwa wao. Mmoja aliniambia nizibe mlango wa nyuma kwa usalama wa wagonjwa, na mwingine akaniambia niufungue kwa usalama wa moto. Daktari wa kukaa usiku kucha sina uwezo wa kumlipa; nina afisa wa kliniki, na mkataba na hospitali iliyo mwendo wa dakika kumi na tano. Vitanda vya serikali kwa waraibu ni vichache mno vikilinganishwa na watu wanaogonga milango yetu, na kila sheria inapokazwa bila msaada, vituo kama changu hufungwa, na wale waliokuwa humo hawaendi hospitali kuu. Huenda kwenye nyumba zisizo na kibango wala jina.

Kuhusu kuchukuliwa usiku, sisi hatufanyi. Hata hivyo niseme ukweli mchungu: wanaotuomba kazi hiyo ni ndugu, tena kwa machozi. Nimewahi kutukanwa na mzazi kwa sababu nilimwambia kwamba mwanawe lazima aje kwa miguu yake. Alikwenda kwa jirani yangu, na mtoto akaletwa usiku uleule.

---

Msafi Tangu 2017

Nimepitia vituo vitatu kabla ya kusimama, kwa hiyo nazungumza kama mtu aliyelala kwenye vitanda vyenyewe.

Mara ya kwanza nilibebwa kama Dada anavyoeleza. Niliamka nikiwa nimefungwa kanga miguuni, kanga ya mama yangu, naikumbuka mpaka leo hata maandishi yake. Nilikaa miezi mitatu na siku hiyo moja haikunitoka kichwani. Kila mshauri alipozungumza habari za kuaminiana, mimi nilikuwa nahesabu siku za kutoka. Mama naye nilimsamehe baadaye sana, na hilo ni deni ambalo vituo hivi havilihesabu katika bili.

Kuhusu ukaguzi, katika kituo cha pili wakaguzi walikuja nikiwapo. Habari za kuja kwao zilijulikana tangu juma lililotangulia. Asubuhi hiyo tulipewa shuka mpya na sabuni ya kipande kwa kila mtu, tukapangwa sebuleni, na wawili waliokuwa wanaumwa wakapelekwa matembezi kwa gari. Wageni waliuliza maswali kwa upole, tukajibu msimamizi akiwa amesimama nyuma yao. Jioni shuka zilikusanywa. Sisemi wakaguzi walihongwa, kwa maana sikuona hivyo. Nasema kwamba hakuna aliyeulizwa jambo lolote akiwa peke yake. Siku watakapokuja bila miadi na kukaa na mgonjwa mmoja mmoja chini ya mwembe, watasikia mengine.

Nina la tatu kwa Dada, na hili nakuomba ulishike. Mtu wa unga akikaa miezi mitatu bila kutumia, mwili wake husahau kile kipimo. Akitoka akarudia kipimo chake cha zamani, hata mara moja tu kwa sababu ya mkutano na rafiki, pumzi inaweza kukatika. Rafiki yangu tuliyekuwa chumba kimoja alitoka siku ya Ijumaa akiwa amenenepa, ana cheti cha kuhitimu na picha za familia, na Jumapili tulimzika. Hakuna aliyekuwa amemweleza jambo hili, wala yeye wala wazazi wake. Uliza kituo: mgonjwa akitoka, mnamfuatilia vipi, na mnamweleza nini kuhusu kurudia? Ikiwa jibu ni sherehe ya kuhitimu tu, ondoka.

Mimi nilisimama kwa methadoni, dawa ya hospitali inayoshika nafasi ya unga. Huduma hiyo ilianza katika hospitali ya Mathari mwishoni mwa 2014, Malindi ikafuata 2015, na baadaye Mombasa. Mtu hunywa dawa yake kila siku mbele ya mhudumu, arosto haimtesi, na anaweza kwenda kazini. Katika kituo cha kwanza niliambiwa kwamba anayekunywa methadoni bado ni teja na hana nafasi kwao. Sijui ni kanuni gani ya serikali inayomruhusu mwenye kituo kumnyima mgonjwa dawa inayotolewa na hospitali ya serikali, lakini hakuna aliyewahi kuwauliza.

---

Mwanasheria wa Kongowea

Nitajibu swali moja tu la Dada, lile la kumbeba mtu mzima usiku, kwa kuwa mengine yamejibiwa na wenye ujuzi kunishinda.

Ibara ya 29 ya Katiba inamhakikishia kila mtu kwamba hatanyimwa uhuru wake kiholela au bila sababu ya haki, wala hatatendewa ukatili, uwe umetoka kwa serikali au kwa watu binafsi. Maneno hayo ya mwisho ndiyo wengi hawayajui, kwani hudhani kwamba Katiba humfunga polisi peke yake. Kikao cha ukoo, hata kikiwa na nia njema kiasi gani, si mahakama. Aidha, Sheria ya Afya ya Akili ilirekebishwa mwaka 2022, na tangu hapo mtu aliyethibitishwa na mtaalamu kuwa na uraibu wa pombe au dawa anahesabiwa miongoni mwa wale ambao sheria hiyo inawalinda. Maana yake ni mbili. Kwanza, ana haki ya kuelezwa matibabu yake na kuombwa ridhaa. Pili, njia ya kumlaza bila ridhaa ipo, lakini hupitia kwa wataalamu na kwa maombi yaliyoandikwa, na huhusu mtu ambaye hali yake kwa wakati huo haimwezeshi kuamua. Haipitii kwa vijana wanne na gari.

Ieleweke pia kwamba sheria ya dawa za kulevya ya 1994 inazungumzia mahakama kumpeleka mtu aliyetiwa hatiani katika kituo cha urekebishaji, lakini hapo kuna hakimu, kuna hukumu na kuna muda uliowekwa. Mwezi Machi 2012 mashirika 12 ya Umoja wa Mataifa yalitoa tamko la pamoja kuzitaka nchi zifunge vituo vya kuwazuia waraibu kwa nguvu. Tamko hilo liliilenga hasa mifumo ya serikali za nchi nyingine, lakini hoja yake inafaa hapa: kumfungia mtu hakuwi matibabu kwa sababu tu langoni pameandikwa hivyo.

Jambo la bili nalo lipo, nami nimeliona mara nyingi. Mwaka 2015 Mahakama Kuu iliamua, katika kesi ya akina mama wawili waliokuwa wamezuiliwa katika hospitali ya uzazi ya Pumwani kwa kushindwa kulipa, kwamba kumzuilia mgonjwa kwa sababu ya deni ni kinyume cha sheria. Deni hudaiwa kama deni. Kwa hiyo mkataba ukisema kwamba mgonjwa hataruhusiwa kutoka hadi salio limalizike, usiutie sahihi. Na ikitokea mtu wenu amezuiliwa nanyi hamruhusiwi kumwona, wakili anaweza kuiomba Mahakama Kuu iamuru aletwe mbele yake, haki ambayo Ibara ya 25 inasema haiwezi kupunguzwa kwa sababu yoyote.

Namwelewa ndugu yetu wa Kilifi kuhusu wingi wa ofisi, na ningependa kaunti na NACADA wakague kwa siku moja na fomu moja. Lakini ile kanuni ya wiki sita bila simu haina uhusiano wowote na uhaba wa fedha. Simu haina gharama kwa kituo. Inaondolewa ili mtu asieleze.

---

Dada wa Likoni

Shikamoo mama Muuguzi, na ahsanteni nyote. Nimeyasoma yote pamoja na mama, mengine nikimsomea kwa sauti, na nilipofika pale pa kanga alininyamazisha, akaenda zake chumbani.

Jana nilirudi kule. Niliomba cheti kiteremshwe, yule kijana akasita, lakini msaidizi wake akapanda kiti akakitoa. Kilikuwa kibali cha biashara cha kaunti, kimeandikwa nyumba ya kulala wageni, na kimekwisha tangu Desemba. Nilimwuliza leseni ya NACADA iko wapi, akasema iko njiani. Nimepiga 1192 nikaeleza, wakachukua maelezo yangu na mahali kituo kilipo. Fedha za mchango bado ziko kwangu, na shangazi amekasirika.

Usiku nilizungumza na mdogo wangu, kwa mara ya kwanza bila kelele. Hakukataa hospitali. Alichokataa ni kufungiwa. Ameniambia kwamba yuko tayari kwenda asubuhi ya Jumatatu, lakini anaogopa arosto itamkuta njiani, na ameniuliza kama aache pombe na bugizi kuanzia leo ili afike akiwa msafi. Mama Muuguzi, nimjibu nini?

---

Muuguzi Mstaafu

Marahaba, mwanangu. Mwambie asiache ghafla kwa kujilazimisha, wala asiongeze. Na mchanganyiko wa vyote vitatu kwa pamoja ndio unaozima pumzi, kwa hiyo asivitumie kwa wakati mmoja, wala asilale peke yake usiku huu na wa kesho. Akianza kutetemeka sana, akaona vitu visivyokuwapo au akashikwa na kifafa, msingoje Jumatatu, mpelekeni sehemu ya dharura saa hiyohiyo. Hali kadhalika mkimwona amelala hazinduki, pumzi ni chache na midomo imegeuka rangi; mlazeni kwa ubavu huku mkitafuta gari.

Jumatatu fikeni mapema. Mweleze daktari kila anachotumia kwa kiasi chake, bila kuficha bugizi kwa ajili ya aibu, kisha muulizie methadoni palepale. Mchukulie nguo za kubadilisha mbili, maji ya kunywa, na hizo tembe zilizobaki pamoja na pakiti yake kama ipo, ili waone ni kitu gani hasa.